Karai Moja kwa Bajia na Tamia

Jikoni mwa nyumba moja ya mtaa wa Munuki, mjini Juba, wanawake wawili walipika kwa miaka 12 bila ya kugombana kwa maneno. Ugomvi wao ulikuwa wa karai. Mama mwenye nyumba, mzaliwa wa Tanga, alikuwa na karai lake jepesi la alumini, alilolibeba safarini katika basi likiwa limefungwa ndani ya kanga mbili. Mama mkwe wake, ambaye wajukuu humwita Haboba, kama watoto wa Sudan waitavyo bibi zao, alikuwa na lake zito la chuma, jeusi kwa moshi wa miaka mingi. Kila mmoja aliosha la kwake, akalitundika kwenye msumari wake, wala hapakuwa na aliyethubutu kugusa la mwenziwe.

Mama wa Tanga alikaanga bajia. Haboba alikaanga tamia. Mgeni aliyekaribishwa chai jioni angeona sahani mbili za kitu kimoja: vidonge vya rangi ya dhahabu, vyenye vitunguu na majani ya kijani ndani yake. Lakini wenyewe hawakukubali hata siku moja kwamba vitu hivyo vina udugu, na pengine wageni walikuwa na busara kwa kula sahani zote mbili bila ya kusema neno.

Haboba ni Mbari, mzaliwa wa ukingo wa Bahr el Jebel, ndio mto Nile unavyoitwa katika sehemu hizo. Vita vya miaka ya 1980 vilimhamishia Khartoum pamoja na wanawe wadogo, akakaa Haj Yousif, pembezoni mwa mji, walikokaa wakimbizi wengi wa kusini. Wanawake wenziwe waliishi kwa kuuza chai barabarani au kufua nguo za watu. Wengine walipika pombe ya mtama, na kwa sababu sheria za Septemba 1983 zilikuwa zimekwisha kupiga marufuku pombe, wengi wao walijikuta gerezani Omdurman na watoto wao wachanga mgongoni. Haboba alichagua tamia. Alijifunza kwa mwanamke wa kaskazini aliyekuwa jirani yake, akakaanga alfajiri kila siku kando ya njia, na kwa karai hilo la chuma wanawe watatu walisoma. Mwaka 2011, miezi michache kabla ya uhuru wa tarehe 9 Julai, alipanda tishari pale Kosti akarudi kwao. Mizigo aliyoithamini ilikuwa mitatu: kitanda cha kamba, kinu cha mti aitacho funduk, na karai.

Mama wa Tanga alifika mwaka uliofuata, akimfuata mume aliyeolewa naye Nairobi. Alipita Kampala, Gulu na Nimule, na safari yake ilimalizikia juu ya lami mpya, kwa maana barabara ya kilomita 192 kutoka Nimule hadi Juba ilikamilishwa mwaka huo huo wa 2012. Mume alikuwa mtumishi wa serikali changa. Nyumba ilikuwa na vyumba vitatu, mwembe mmoja, na jiko la nje lenye paa la mabati. Hilo ndilo jiko lililopokea makarai mawili.

Yafaa kusema mara moja tofauti iliyokuwapo, maana mambo yote yaliyofuata yalitokana nayo. Bajia alizozipika mama wa Tanga miaka hiyo zilikuwa za unga. Alinunua unga wa dengu dukani, akaukoroga kwa maji, akatia kitunguu, karoti, kabichi iliyokatwa nyembamba na pilipili, akachota kwa kijiko na kutumbukiza katika mafuta. Hiyo ndiyo bajia tuliyoletewa na Wahindi wa Gujarati, na ni chakula kizuri. Haifanyi makosa, haichukui usiku kucha, na mtu akirudi kazini saa 11 aweza kuwa na sahani tayari kabla ya Magharibi. Lakini marehemu mama yake, huko Ngamiani, hakuipika hivyo. Alipika za kunde: kunde zilizolowekwa, zikamenywa, zikasagwa juu ya jiwe, zikapigwa kwa mkono mpaka bega likauma. Binti alikuwa akiijua kazi hiyo tangu utoto wake, na ndiyo maana alipopata nyumba yake mwenyewe aliamua kununua unga.

Tamia ya Sudan nayo haina unga. Wamisri huifanya kwa baqila, yaani maharagwe mapana. Wasudani huifanya kwa dengu nyeupe kubwa wanazoziita kabkabe. Hulowekwa usiku kucha, husagwa mbichi pamoja na kitunguu, kitunguu thomu, kotmiri, na majani membamba kama nywele yaitwayo shabat, kisha hukaangwa. Neno la kushika hapa ni mbichi. Haboba alikuwa na hadithi moja aliyopenda kuirudia, ya msichana mmoja wa Haj Yousif aliyetaka kuharakisha kazi, akazichemsha kabkabe kabla ya kuzisaga. Alipozitia ndani ya mafuta zikayeyuka, karai zima likawa uji. Sababu yake yaeleweka: wanga wa jamii ya kunde ukikwisha kuiva katika maji hauna tena nguvu ya kushikamana. Ule mbichi uliolowa ndio unaovimba na kushikana pale unapokutana na moto wa mafuta.

Basi Haboba alipomwona mke wa mwanawe akifungua paketi ya unga, alitikisa kichwa na kusema kwa Kiarabu cha Juba kwamba chakula cha unga wa duka hakina mama. Hakusema zaidi. Aliendelea kuponda za kwake, na hakumwita mtu yeyote kuja kutazama. Hata vipimo hakuwa akivitaja. Alipima kwa konzi, na chumvi aliitia akiwa amegeuka upande.

Lugha haikuwasaidia mwanzoni. Haboba alijua Kibari na Kiarabu. Mama wa Tanga alijua Kiswahili na Kiingereza. Hata hivyo, wanawake wawili wanaokaa jiko moja hawawezi kukaa kimya siku zote, na taratibu waligundua kwamba jikoni hapo maneno mengi hayakuhitaji mkalimani. Mmoja alisema thomu, mwingine akasema tum. Bamia ni bamia kwa wote wawili. Sahani ni sahan, birika ni ibrik, sukari ni sukar, limau ni lemun, samaki ni samak, na bilingani kwa Haboba ni bedingan. Watoto walipozaliwa wakaifanya lugha ya nyumba kuwa mchanganyiko ambao mwalimu yeyote angeulilia, lakini ulitosha kuombea chakula.

Julai 2016, mapigano yalipozuka mjini Juba, familia ilijifungia ndani kwa siku kadhaa. Palikuwa na mafuta, palikuwa na kabkabe zilizolowekwa tayari, na jiko lilikuwa na makaa. Mama wa Tanga alipotaka kuteremsha karai, Haboba alimshika mkono. Harufu ya kitunguu kinachokaangwa hupita ua, alisema, na nyumba inayonukia ni nyumba yenye watu. Walizichemsha kabkabe kwa chumvi, wakazila hivyo hivyo, bila ya kiungo. Baadaye mama huyo alikuja kumweleza shangazi yake kwa simu kwamba siku hizo ndipo alipofahamu mama mkwe wake ameishi maisha gani. Lakini makarai yalibaki kila moja kwenye msumari wake.

Kilichoyaunganisha ni upungufu. Tarehe 15 Aprili 2023 vita vilizuka Khartoum, na katika wiki chache watu kwa maelfu wakaanza kumiminika kusini kupitia Renk. Miongoni mwao walikuwamo jamaa wa Haboba, wakiwa hawana hata viatu. Nyumba ya vyumba vitatu ikawa na watu 11. Kabkabe alizozipenda Haboba zilikuwa zikitoka kaskazini, na mwanamke aliyemuuzia sokoni Konyo Konyo alipandisha bei mara tatu, kisha siku moja akawa na gunia tupu. Februari 2024 bomba lipelekalo mafuta ghafi ya Sudan Kusini hadi Port Sudan likapasuka katika eneo la vita. Serikali ambayo karibu mapato yake yote hutoka katika mafuta hayo ikashindwa kuwalipa watumishi wake kwa miezi mingi, na mume wa nyumba hiyo alikuwa mmoja wao. Aliendelea kwenda ofisini kwa miguu kila asubuhi, shati lake limepigwa pasi.

Jioni moja ya mwezi Machi, katika ule wakati wa mwaka ambapo joto la Juba hukaribia nyuzi 40 na mchanga wa uani huunguza nyayo hata baada ya jua kutua, Haboba alitoa rai yake. Alikaanga tamia akalea watoto Haj Yousif; angekaanga tena langoni pa nyumba hii. Mama wa Tanga akauliza, angekaanga nini, nayo kabkabe hakuna, na unga wa dengu nao bei yake haikamatiki? Haboba hakuwa na jibu. Ndipo yule mkwewe alipotaja kunde. Alizitaja kwa Kiarabu, lubia, ili pasiwe na shaka. Kunde zilikuwapo tele sokoni, za wakulima wa Equatoria na nyingine zikitoka Uganda kwa malori ya Nimule, na bei yake ilikuwa ya kuvumilika. Haboba alicheka. Lubia huchemshwa, na majani yake huliwa mboga. Nani amewahi kuona lubia ikikaangwa?

Laiti angalijua. Kutoka Lamu hadi Kilwa bajia za kunde zimeuzwa mitaani tangu zamani. Upande wa pili wa bara hili, Wanigeria hukaanga kunde zilizosagwa wakaziita akara, na wana wa Afrika waliopelekwa utumwani Brazili walikwenda nazo, hata leo wanawake wa Bahia waliovaa meupe huziuza njiani kwa jina la acarajé. Lakini habari hizi hazimkaangii mtu chakula. Haboba alizitwaa kunde kilo moja, akazitendea kama alivyozitendea kabkabe maisha yake yote: akaziloweka usiku, akaziponda na maganda yake, nzito nzito, katika funduk, akatia viungo na kukaanga. Zikatoka nyeusi, chungu kidogo, ngumu kama kokoto. Watoto walizila kwa heshima ya bibi yao. Watu wazima walikunywa maji mengi.

Siku ya pili alijaribu mama wa Tanga. Alizimenya vizuri, akazisaga laini juu ya murhaka, lile jiwe la kusagia mtama, akatia chumvi na viungo, akaanza kupiga. Badala ya kuumuka, rojo likazidi kuwa jepesi. Lilipoingia karaini likatawanyika, likanyonya mafuta kama sifongo, na lita moja ya mafuta iliyokopwa dukani ikapungua robo kwa sahani moja tu. Alikaa kwenye kigoda akalia. Mtu aliyezoea kuwa na mshahara nyumbani huweza kusema kwamba mafuta ni mafuta tu. Mwezi ule wa Machi, robo lita katika nyumba hiyo ilikuwa chakula cha usiku cha watu 11.

Usiku huo alimpigia simu shangazi yake, Ngamiani.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Hujambo? Watoto hawajambo?"

Alijibu yote kama ipasavyo, kisha akaeleza habari ya rojo. Shangazi alisikiliza mpaka mwisho.

"Chumvi ulitia lini?"

"Mwanzo, shangazi. Pamoja na viungo."

"Basi. Mama yako alitia chumvi akiwa na kijiko mkononi, mafuta yamekwisha kupata moto. Chumvi huvuta maji. Na kitunguu vile vile, umekisaga?"

"Nimekisaga pamoja na kunde."

"Kikate, usikisage. Kitunguu ni maji matupu. Na upige, mwanangu. Upige mpaka ukitia tone ndani ya bilauri ya maji lielee."

Kesho yake wakaanza upya, safari hii wote wawili, na hii ndiyo njia waliyoifuata, ambayo yeyote aweza kuifuata nyumbani kwake. Walichukua nusu kilo ya kunde kavu, wakazichagua mawe na zilizotobolewa na wadudu, wakaziloweka katika maji baridi. Kwa kumenya hazihitaji usiku kucha: baada ya nusu saa hivi ganda hulegea. Walizisugua baina ya viganja ndani ya maji, maganda yakaelea, wakayamwaga, wakatia maji mengine, wakarudia mara sita au saba mpaka kunde zikabaki nyeupe. Hapa watoto waliweza kusaidia, na walisaidia. Kisha zikarudishwa majini kwa saa nne nyingine. Katika joto kama la Juba haifai kuziacha humo mchana kutwa bila ya kubadili maji, kwani huanza kuchacha na kutoa harufu. Ni bora kuziloweka jioni, penye ubaridi, na kubadili maji kabla ya kulala.

Zilipochujwa zikawa kavu kabisa, zilisagwa pamoja na punje 6 za kitunguu thomu na pilipili mbichi 2, bila ya kuongeza maji isipokuwa kijiko kimoja au viwili, jiwe lipate kuteleza. Mwenye mashine ya umeme atasaga kwa dakika mbili. Munuki hapakuwa na umeme wa kutegemewa, nayo murhaka haikukataa kazi. Rojo lililofaa lilikuwa zito, la kusimama kijikoni. Hapo mama wa Tanga akaanza kulipiga kwa mkono mmoja, akilizungusha bakulini na kulinyanyua ili upepo uingie ndani. Dakika tano. Dakika kumi. Likawa jeupe zaidi, likavimba. Haboba, aliyekuwa amekaa pembeni mikono kifuani, alichota tone kwa kidole na kulitia ndani ya kikombe cha maji. Lilizama. Akamsogeza mkwewe kwa kiwiko, akaingiza mkono wake mwenyewe bakulini, akapiga. Mkono ule ulikuwa na miaka zaidi ya 70, na ulikuwa haujasahau. Tone la pili lilikwenda chini nusu kikombe, likasita, likapanda juu.

Hapo ndipo Haboba alipoleta lake. Kwa macho yake, rojo lililokuwa bakulini halikuwa na rangi wala harufu. Alikata konzi mbili za jirjir, majani yenye ukali kidogo yanayolimwa bustanini kando ya mto, na konzi moja ya kotmiri; shabat haikupatikana siku hiyo. Alikata vitunguu maji viwili vidogo vidogo, akavikamua kwa kitambaa maji yatoke, na karoti moja iliyokunwa, ambayo ilikuwa rai ya mkwewe na ambayo aliikubali kwa kuguna. Alitia kijiko cha chai cha binzari nyembamba na kimoja cha mbegu za kotmiri zilizotwangwa nusu nusu. Alitaka pia kutia atrun, ambayo ndiyo magadi yetu, lakini mama wa Tanga alimwonesha kile kikombe: kitu kinachoelea chenyewe hakina haja ya magadi. Chumvi, kijiko cha chai kimoja na nusu, iliwekwa kando juu ya kipande cha gazeti kungoja zamu yake.

Ukaja wakati wa kuchagua karai. La alumini lilipata moto upesi na kupoa upesi. Kila mara bajia zilipotiwa, mafuta yalilala kimya, na mafuta yaliyolala huingia ndani ya chakula. La chuma lilichelewa kupata moto, na makaa yalikwenda, lakini likikwisha kuushika haliuachi. Mama wa Tanga aliangalia msumari wa Haboba. Haboba alijifanya hakuona. Kisha akasema, akiwa ameinama kupuliza makaa, "Lete lile, bit tai." Maana yake ni binti yangu, na hata pasipo kujua Kiarabu neno lilikuwa karibu mno na la kwao kulikosa.

Joto la mafuta alilipima kwa sikio. Tone la rojo likitiwa na likakaa chini kimya, bado. Likilipuka na kuwa kahawia mara moja, yamezidi, na bajia zitaungua nje ilhali ndani ni mbichi. Na kunde mbichi huumiza tumbo, hasa la mtoto. Tone liende chini kidogo, lipande, likizungukwa na povu dogo lenye sauti kama mvua ya mbali juu ya mabati. Ndipo chumvi ikatiwa, rojo likageuzwa mara mbili tatu, na bajia zikaanza kushuka kwa kijiko, kila moja si kubwa kuliko limau dogo. Hazikujazwa karaini, saba au nane kwa mara moja, ziwe na nafasi ya kugeuka. Dakika nne au tano, zikaopolewa na kuwekwa juu ya chekeche, si juu ya sahani, ili mvuke upate pa kutokea na zisilowe.

Nusu kilo ya kunde ilitoa bajia zaidi ya 30. Mafuta yaliyopungua, yalipopimwa kwa kikombe, hayakufika kikombe kimoja.

Kwa kuzilia hapakuwa na nazi ya kufanyia chatne, na mama wa Tanga aliwahi kulalamika kwa miaka 12 kwamba bajia bila ya chatne ya nazi ni yatima. Haboba alichukua karanga zilizosagwa, ambazo watu wa Juba hutia karibu katika kila mchuzi, akazilegeza kwa maji ya limau, akaponda nyanya moja na pilipili na chumvi. Wao huita dakwa. Hakuna aliyeitaja nazi tena.

Walianza kuuza langoni wiki ile ile, alfajiri kwa wanaokwenda kazini na alasiri watoto wanapotoka shule; mbili ndani ya mkate, dakwa juu yake. Kazi ya kukaanga kwa wingi nyumbani ina hatari zake, na Haboba alikuwa mkali kwa hilo kuliko kwa jambo lolote. Kovu la mkono wake wa kushoto lilitoka Haj Yousif. Jiko liliwekwa juu ya matofali, mbali na mlango na mapazia, na mstari ukachorwa mchangani ambao mtoto hakuruhusiwa kuuvuka. Mfuniko wa sinia ulikaa karibu siku zote: mafuta yakishika moto hufunikwa, wala hayamwagiwi maji, maana maji huyarusha yakiwa yanawaka. Kila jioni mafuta yalipopoa yalichujwa kwa kitambaa na kufungwa katika chupa mahali pa giza. Yalitumika siku tatu, mara nyingine nne. Yalipoanza kufanya povu, kunata, na kutoa moshi kabla ya wakati wake, yalimwagwa, hata mume aliposema bado yanafaa. Wako wauzaji wanaoongeza mafuta mapya juu ya yale mabovu mwezi mzima. Faida yao huiona, na tumbo la mteja hulipia.

Kwa fedha iliyopatikana walifanya mafungu matatu. La kwanza lilirudi kununua kunde, mafuta na makaa, na halikuguswa kwa neno lolote, hata mtoto alipougua homa na wote wakalitazama. La pili lilikuwa chakula cha nyumba. La tatu likaenda katika ada ya shule, na lilipotosha lilitosha, lisipotosha mwalimu aliombwa asubiri. Haikuwa biashara ya kutajirisha. Lakini mwaka 2024 ulipita na hakuna mtoto aliyefukuzwa shule moja kwa moja, na unga wa mtama wa kisra haukukosekana ndani ya mtungi.

Jambo la jina halikupata ufumbuzi. Waganda na Wakenya wanaopita njia hiyo huuliza bajia. Waliorudi kutoka kaskazini huuliza tamia, wakionja huinua nyusi, wakarudi kesho yake. Jamaa mmoja aliyekimbia Khartoum alidai kwamba tamia ya lubia si tamia, akala nne.

Siku moja mshahara wa mwezi mmoja ukatoka. Mume alirudi na bahasha, akaiweka mbele ya mama yake na mkewe, akasema kwa upole kwamba sasa wapumzike. Haikuwa vyema mama yake, kwa umri wake, kukaa langoni penye moshi. Haboba aliipokea bahasha, akamshukuru, akampa mkewe aihesabu. Kisha akamwomba mwanawe asogee kidogo, kwa sababu alikuwa amesimama mbele ya beseni, na kunde za kesho zilikuwa zinangoja kubadilishwa maji.